Mjerumani Aliyezoea Kufa

Nianze na ujinga wangu: nilichukua simu ya mama, nikatuma picha ya Mjerumani akiwa ndani ya jeneza kwenye kundi la WhatsApp la jumuiya yetu. Chini yake nikaandika, "Pumzika, babu."

Mjerumani huyo ni mwigizaji wa filamu na televisheni huko kwao, na kila mwaka huja kukaa parokiani kwetu Mapera. Historia ya kazi yake alinipa mwenyewe. Alianza kama mchumba. Nywele zilipopungua akawa polisi. Zilipokwisha akawa marehemu. Picha ile ni ya tamthilia. Alinirushia akijisifu kwamba hakupepesa jicho.

Nilidhani watu watacheka. Nilisahau kwamba kwetu mtu mzima haingii jenezani kwa mchezo. Tena mama ni mwenyekiti wa jumuiya, hajawahi kutuma utani, na Jumapili hiyo kulikuwa na uchaguzi wa mwenyekiti. Mjerumani alikuwa Lundo, ziwani, hapatikani kwa simu.

Mama aliporudi kutoka kuchuma kahawa alikuta uwanja wetu umejaa watu. Akina mama wameleta unga, maharage na kuni, mikeka imeshatandikwa.

"Pole, mwenyekiti," jirani alimwambia. "Ujumbe wako tumeupata."

"Upi?"

Akaonyeshwa. Akanitazama mimi, si picha.

Kabla hajafungua mdomo, bodaboda ikaingia. Marehemu akashuka na mbasa wawili kwenye mfuko, samaki wakubwa, akamwamkia bibi mzee kuliko wote.

"Shikamoo, bibi."

"Wewe tumeshakulilia," bibi akasema.

Mjerumani akaonyeshwa picha. Akauliza nani hasa alilia. Mikono mitatu ikanyooka. Akaenda kuishika yote, mmoja mmoja, akasema kwa Kiswahili chake cha kusuasua kwamba amekufa miaka mingi na hakuna aliyewahi kumletea hata ukuni mmoja. Kisha akaomba nafasi kwenye mkeka. Ugali ukasongwa, mbasa wakaliwa. Bibi hakuitikia ile shikamoo mpaka alipomwona anameza.

Jumapili mama alichaguliwa tena. Hoja ya jirani ilikuwa kwamba hakuna mwenyekiti mwingine anayejaza uwanja kwa ujumbe mmoja.

Tulipofika nyumbani mama alivua viatu, akavipanga, akasema:

"Cheo umenipa, asante. Unga umeliwa, lakini kuni zimebaki. Kesho unazirudisha kichwani, nyumba kwa nyumba, na kila mlango unaeleza nani aliyekufa."