Migomba Iliyoegemezwa Bila Mikungu

Kwii, kwii. Ndivyo mti mkavu unavyolia ukisuguana na mgomba, upepo wa Meru ukishuka asubuhi. Siku hizi ninakaa Lemara kwa mjukuu wangu, na nyuma ya nyumba ana migomba michache iliyodumaa. Juzi mmoja ulizaa mkungu mzito, ukainama, nikamwambia atafute mti wenye panda auegemeze kabla haujaanguka. Upepo ulipovuma nikaisikia sauti ile, nikaacha kuchambua mchicha. Akaniuliza, "Bibi, unalia?" Nikamwambia ni moshi, na moto wenyewe ulikuwa haujawashwa. Basi ngoja niwaeleze ninyi, maana yeye alikuwa na haraka zake.

Nilizaliwa mlimani, juu ya Tengeru, enzi za Mjerumani. Wakati ninaousema ndio kwanza nilikuwa nang'oka meno ya utoto. Boma la Arusha lilikuwa limekwisha kujengwa, na Mjerumani alikuwa na tabia ya kukumbuka barabara zake kila watu walipotaka kulima.

Mama yangu alikuwa mwanamke wa mbio. Alishuka sokoni na ndizi, akapanda na magadi na maziwa ya Waarusha, na bado jioni alikuwa na nguvu ya kumtania baba. Maradhi yalimjia kwa ukungu. Asubuhi moja alilifunika jicho la kulia kwa kiganja, akalifunua, akalifunika tena, akasema kwa lile la kushoto Mlima Meru umejifunika shuka. Bibi mzaa baba alipoanza kupiga yowe, mama akamkatiza: "Heri kufa macho kuliko kufa moyo, mama." Haukupita muda mrefu jicho likafunguka lenyewe. Tulikula mbuzi kwa furaha, tukadhani yamekwisha.

Kumbe! Yakarudi kwa njia ya miguu. Aliniambia ni kama anakanyaga majani makavu ya migomba badala ya ardhi. Siku ya jua kali, au akikaa karibu na moto, alilegea kabisa. Asubuhi yenye baridi akaamka mzima, akalima. Hilo ndilo lililotutesa. Mtu akiugua mfululizo, watu humhurumia. Akiwa leo mgonjwa kesho mzima, humwita mvivu. Nao walimwita, lo, tena mbele yangu! Mganga alichinja kondoo wetu, mchungaji wa misheni akatuombea na kutupa dawa chungu, na miguu ikaendelea na mambo yake. Mama akawa na msemo wa siku mbaya: "Leo miguu imekwenda sokoni bila mimi." Tulicheka. Lakini siku moja nilimkuta jikoni amekaa chini, amejiziba mdomo kwa khanga, mabega yanatikisika, na hakuwa anacheka. Nilirudi nyuma polepole, nikaenda kujificha kwa mbuzi.

Baba hakuwa mtu wa maneno. Maradhi yale yalimpunguzia hata hayo machache aliyokuwa nayo. Alikaa akimtazama mama akitembea, na kila mama alipoyumba, mkono wa baba ulicheza juu ya goti lake. Mama alikataa kushikwa. Alikataa hata fimbo. "Fimbo ni ya wazee," alimwambia baba. "Siku nikishika fimbo, mama yako atanifungia mzigo."

Hakukosea. Bibi yangu alikuwa mfupi, mkali, na kauli yake ndiyo iliyofunga kikao. Alikwisha kumwambia baba waziwazi: "Mficha maradhi, kifo humuumbua. Mkeo arudi kwa kaka zake akapumzike." Watu wetu walijua kupumzika huko ni kupi: mwanamke anaondoka na kibuyu chake, watoto wanabaki, na mwaka haupiti analetwa mwingine. Baba alikataa. Ndipo mjumbe wa jumbe, yule mkubwa wetu chini ya Mjerumani, akaja kuwataja wanaume wa kwenda kuvunja mawe ya barabara, na baba alikuwa mmoja wao. Bibi akasema basi, atakuja kuyamaliza mwenyewe baba akiwa hayupo. Nilisikia, na tangu hapo nililala nimeshika upindo wa nguo ya mama.

Siku zile kabla ya kuondoka, baba alianza kufanya mambo ya ajabu. Alikata matawi ya mringaringa yenye panda, akayachimbia kwenye migomba yetu, kuanzia mlango wa jiko hadi uani na mpaka zizini. Mwaegemeza mgomba wenye mkungu, sivyo? Baba aliegemeza migomba isiyo na hata ua! Tena miti yenyewe ilikuwa mifupi. Jirani yetu Sirikwa alisimama kwenye mpaka akajishika mbavu.

"Baba Ndeshi! Huo mkungu utatokea kiunoni?"

"Mwaka huu upepo utakuwa mkali," baba akajibu, akaendelea kushindilia udongo kwa kisigino.

Habari ilienea. Watoto wenzangu kule mferejini wakaniimbia kwamba baba yangu anafunga mikanda migomba. Niliona aibu hadi nikamwendea mama, nikamwomba amkataze. Mama alicheka mpaka machozi yakamtoka, halafu akaacha kucheka, machozi yakaendelea. "Mwache baba yako," akasema. "Anaogopa upepo."

Baba akaenda barabarani. Bibi akaja mchana wa jua, saa ambayo miguu ya mama ilikuwa mibaya kuliko zote. Bibi alijua. Akakaa uani kwenye kigoda, akaitikia salamu yetu kwa pua. Pombe ya ndizi ilikuwa jikoni, ng'ambo ya migomba, na kwetu pombe ya mama mkwe haipelekwi na mtoto. Mke wa nyumba huileta mwenyewe, kwa mkono wake wa kuume. Asiyeweza kuileta amekwisha kujibu swali.

Mama akatoka jikoni na kata imejaa. Mkono wa kuume ulibeba kata, wa kushoto ukapita migombani kama wa mtu anayetembelea shamba lake kwa raha. Nilimwona akijongea mgomba kwa mgomba. Mguu mmoja uliburuta. Karibu na ua, mti mmoja ulikuwa umelegea. Ukayumba, mama naye akayumba, pombe ikamwagika kidogo kwenye vidole vyake. Nikainuka nimkimbilie. Akanitazama, akatikisa kichwa. Nikakaa.

Akafika. "Karibu, mama," akasema, jasho likimtiririka.

Bibi akapokea, akanywa taratibu mpaka mwisho, akaiweka kata chini. Kisha akasimama, hakutuaga, akaingia migombani. Akaushika mti wa kwanza kwenye panda, akaenda wa pili, akaushika, akaenda hivyo mpaka mlango wa jiko. Aliporudi aliusimamia ule uliolegea, akautikisa.

"Ndeshi! Lete jiwe."

Nikaleta. Akachuchumaa, na uzee wake wote, akashindilia udongo kwa jiwe huku akinung'unika kwamba mwanawe tangu utotoni hajui kuchimbia kitu. Akautikisa tena. Haukucheza. Ndipo akamgeukia mama.

"Kutoka hapa hadi mferejini hakuna mti hata mmoja," akasema. "Kesho nitakuja na panga."

Mama alikaa chini palepale, akalia kwa sauti, na safari hii hakujiziba mdomo. Mimi nikabaki nimeduwaa na udongo mikononi. Nilidhani bibi naye ameanza kuogopa upepo.

Baba aliporudi alikuta miti imefika mferejini, na mmoja umechimbiwa upande wa Sirikwa, ambaye alidai ni wa mgomba wake. Mama hakupona. Alikuwa na miaka mizuri na mibaya, miguu ikaenda sokoni mara nyingi bila yeye, lakini alinilea mimi hadi akampakata mwanangu wa kwanza, na hakutoka katika nyumba ile. Binti yangu, ambaye ni muuguzi, amenieleza kwamba huenda yalikuwa maradhi ya ubongo na uti wa mgongo, yale yajayo na kuondoka. Yana jina refu la Kizungu, limenitoka.

Miti ile niliielewa siku tuliyomzika mama, nikiwa mtu mzima tayari. Nilipita migombani nikiwa sioni mbele kwa machozi, nikajikwaa, mkono ukaenda wenyewe ukashika. Panda ya mti ilikuwa laini kama mpini wa jembe la zamani, na ilinifika kiganjani sawasawa.

Kuhusu mgomba wa Lemara, kijana aliuegemeza vizuri, juu, panapostahili. Leo nimemwomba akate mti mwingine, mfupi, auchimbie karibu na mlango wa jiko. Akaniuliza, "Wa mgomba gani, Bibi? Pale mgomba haupo."

Nikamwambia mwaka huu upepo utakuwa mkali.