Mpaka wa Bati Uani Kwetu Bwiza

Ko! Mlio wa kwanza tu usiku, na ua mzima tukalala sakafuni, kama vita ilivyotufundisha. Kulipokucha tukaona ilikuwa nyundo. Mpangaji wa chumba cha nyuma alikuwa amepigilia bati la kwanza la mpaka, na bomba la maji lilibaki upande wake.

"Mi najitenga," alisema, nyundo begani. "Hapa ni nchi yangu."

"Na choo iko nchi gani?" aliuliza mpangaji mkongwe, mama anayetupangia kila kitu, mikono kiunoni.

Tulicheka. Naye alicheka kidogo, kisha akaokota bati la pili.

"Maji mutachota. Lakini zamu za kupika munapanga nyinyi wenyewe, mi naambiwa kesho yake. Wengine munaitwa mama fulani. Mi sina mutoto, basi miaka yote munaniita 'wa nyuma'."

Redioni wataalamu hutueleza kwa nini majimbo hujitenga: madini, kodi, mipaka. Hili la jina sijawasikia wakilitaja.

Mama yule mkongwe aliitazama ndoo yake tupu miguuni, halafu akamtazama jirani mwenye nyundo. Mikono ikatoka kiunoni.

"Zamu ya leo tuipange namna gani," aliuliza, "Zaituni?"