Msitu wa Mgeni Rasmi

Matawi ya mlingoti, yaani mkaratusi, yaliyokatwa jana yana harufu ya dawa ya kifua, na kila nikiisikia namkumbuka Mwalimu Mkuu wetu, mtu niliyemdharau kuliko wote niliowahi kuwafahamu. Nilikuwa darasa la tano, Ruhuwiko, hapa Songea, mvua zimeanza. Alituagiza kila mmoja alete mche wa kupanda shuleni. Wenzangu walileta walichong'oa njiani. Mimi nilileta msuku niliouotesha mwenyewe kwenye kopo la maziwa nyuma ya jiko, nikiulinda dhidi ya kuku, mbuzi na kaka zangu, ambao walikuwa wabaya kuliko mbuzi. Masuku ni matunda tuliyoyaokota porini. Mtaani kwetu hakuna aliyewahi kuotesha msuku wake. Kwa ujinga wa utoto nilitegemea kuyala ya kwangu kabla ya kumaliza la saba.

Ndipo zikaja habari kwamba mgeni rasmi anatoka mkoani kuja kuona msitu wa shule. Msitu! Mwalimu Mkuu alikuwa ameshautangaza kila mahali. Alitoka ofisini na suti yake ya kahawia, akaitazama miche yetu iliyomfika kwenye vifundo vya miguu, akasonya. "Mgeni apige picha na nini hapa, na mchicha?" Tukaamriwa kuing'oa. Kwenye mashimo yake tukachomeka matawi ya mlingoti marefu kuliko walimu, tukayamwagilia maji kabisa, na watoto wa darasa la pili wakachuchumaa humo ndani wapige miluzi ya ndege. Mgeni akavua viatu, akafumba macho, akasema moyo wake umeungana na maumbile. Tukampigia makofi ya kilo. Mtu mzima na masikio yake hakushangaa kwamba ndege mmoja alikuwa anakohoa.

Msuku wangu niliukuta kwenye shimo la taka. Nilirudi nao nyumbani nimeukumbatia, Mama akaugeuzageuza mkononi. "Mzizi mkuu umekatika, mwanangu. Huu hauponi." Nililia mpaka sauti ikanikauka, nikaapa kumchukia yule mtu maisha yangu yote. Sina kiapo kingine nilichokitunza vizuri hivyo.

Siku hizi mimi ni msanii. Najaza kumbi miti, ukungu na sauti za ndege zinazotoka kwenye spika, na watu wanaingia kutembea ndani ya kazi yangu ili, wanavyosema wenyewe, warudiane na mazingira. Wanatoka kwenye nyumba walizojenga kwa kufyeka kilima kizima, wanavua viatu, wanafumba macho, wanajipiga picha. Zamani ilibidi tumdanganye mgeni. Wa leo anakuja akijua, na anashukuru. Nawadharau wote, na mialiko inazidi kuja.

Mwaka jana niliandaa onyesho hapa Songea mjini. Asubuhi ya ufunguzi akaingia Mwalimu Mkuu, mzee sasa, anatembelea fimbo. Shikamoo ilinitoka kwa shida. Maneno ya kumwambia nilikuwa nayo tangu darasa la tano.

"Marahaba, binti yangu." Alizunguka taratibu kati ya miti yangu, akashika shina moja, akalitikisa, akainama kuangalia lilivyosimamishwa.

"Mmeikata wapi?"

"Bondeni, mzee."

"Safi. Mgeni rasmi atafurahi," akasema, akanitazama kama fundi anavyomtazama fundi mwenzake.