Kimbunga Kilichoitwa Dhaifu

Mshona nguo ndiye aliyemlea mdogo wake. Alimbeba mgongoni wakati mama yao yuko vibaruani, na baadaye, kijana alipokuwa fundi mwashi wa kufukuzwa kila kazi, alimtetea mpaka sauti ikamkauka. Naye dada alipotaka chumba cha cherehani, nani mwingine angemjengea?

Alasiri moja wingu jeusi lilishusha mkonga wa upepo unaozunguka, ukaupasua mtaa na kupotea. Ukuta wa chumba kile ulimwangukia mama. Sasa yuko wodini, nyonga imevunjika, na majirani wananong'ona juu ya mwashi.

"Waseme tu," mwashi alijitapa. "Hata ikulu isingesimama!"

Kwa hiyo mpimaji wa hali ya hewa alipokuja kukagua uharibifu, mshona nguo alimpokea kwa kiti. Alitaka neno moja tu juu ya kimbunga: kikali. Midomo ya majirani ifungwe.

Mpimaji hakuwa na kifaa cha kupimia upepo. Kimbunga cha aina hii ni chembamba na hupita upesi, alieleza. Ni nadra kukutana na kifaa, na kikikutana nacho hukivunja. Kwa zaidi ya nusu karne wataalamu wamekadiria nguvu yake kwa kutazama kilichoharibika. Akapiga picha choo cha jirani, kizima na bati lake. Akasugua mota, mchanganyiko wa saruji na mchanga kati ya matofali, kwa kidole gumba. Ikamwagika.

"Kilikuwa dhaifu," alisema.

"Dhaifu? Mama yangu hawezi kugeuka kitandani, unaniambia dhaifu?"

"Nakadiria upepo, dada yangu. Maumivu siyajui kipimo chake. Lakini ukuta huu ungeangushwa na upepo wowote."

Mshona nguo alitaka kumfukuza. Badala yake aliinama, akasugua mwenyewe. Mchanga mtupu. Akamgeukia mdogo wake.

"Saruji iko wapi?"

Mwashi alikuna kisogo. "Dada, si nilipunguza kidogo tu... Nyingine niliipeleka kumalizia kazi ya bwana mmoja mwenye ghorofa. Mteja yule ni mkali. Wewe nilijua hutanisema."

"Kwa hiyo mgeni ana ukuta, na mama yako ana mchanga!"

"Usipige kelele, watu wanasikia."

"Wasikie! Vaa viatu. Tunakwenda wodini, utamwambia mwenyewe."

"Na akiuliza kwa nini?"

"Utamjibu. Mimi kukusemea nimeacha leo."

Akatangulia barabarani bila kutazama kama anafuatwa.