Namba ya Kufungulia Stesheni ya Tano

Baba alimaliza stesheni ya nne siku ya Jumatano, na Alhamisi mchezo ukamfungia. Kioo cha kompyuta kilileta maandishi ya Kiingereza kwamba sehemu ya majaribio imekwisha, na anayetaka kuendelea anunue mchezo wote kwa mtandao, apelekewe namba ya kufungulia. Baba aliyasoma mara mbili. Kisha akanigeukia, na kwa ule ulimi wake uliokuwa mzito tangu kiharusi akaniuliza, "Duka lao liko wapi?"

"Halipo, baba. Wanauza kwa kompyuta tu, huko ng'ambo."

"Basi wanunulie kwa kompyuta."

Alisema kama mtu anayeagiza sukari kwa jirani. Ilikuwa miaka ya mwisho ya tisini, na hapo kwetu Tiwi sikumjua mtu hata mmoja aliyewahi kununua kitu kwa njia hiyo.

Baba alikuwa mtu wa reli. Alikaa stesheni ya Samburu miaka mingi, akivuta vile vyuma virefu vya kubadilisha njia na kuwapa madereva ruhusa ya kuondoka. Alipostaafu alirudi nyumbani, akalima mihogo yake, na asubuhi moja akiwa anatawadha, upande wake wa kulia ukamwacha. Hospitalini Msambweni walimpa mpira mdogo wa kuminya ili apate kuuzoeza mwili. Alipofika nyumbani aliutupa nje kwa dirisha. "Mimi si mtoto," alisema, na kwa miezi minne hakutaka kushika chochote. Mama alimlisha, alimvalisha, alimfunga vifungo vya shati. Baba alitazama ukuta.

Mimi nilikuwa mapokezi katika hoteli moja ya Diani. Mgeni mmoja mzee, aliyezoea kuja kila mwaka, aliniachia kompyuta yake ya kubeba kwa kuwa kioo kilikuwa kimeingia mstari wa kijani usiotoka. Ndani yake mlikuwa na mchezo wa treni. Unaitazama stesheni kutoka juu, treni zinaingia kwa pande zote, nawe unabonyeza kipanya kubadilisha njia na taa ili zisigongane wala zisichelewe. Nilimwonyesha baba ili apitishe wakati tu. Aliketi hapo mpaka mama akaja kumkumbusha kwamba alasiri imeadhiniwa zamani.

Alitumia mkono wa kushoto. Siku za kwanza kipanya kilimkimbia mezani, akakitukana kwa maneno ambayo sikujua anayajua. Wiki ya tatu nilimkuta asubuhi akifunga vifungo vya shati mwenyewe, kwa mkono huohuo wa kushoto, kwa kuwa alikuwa na haraka ya kurudi kwenye treni zake. Mama alisimama mlangoni na kikombe cha chai. Kwa hiyo mchezo ulipojifunga, pale nyumbani hakuna aliyeona kwamba limefungwa jambo la mchezo.

Sikuwa na kadi ya benki ya kununulia vitu ng'ambo. Hotelini aliyekuwa nayo, katika watu niliothubutu kuwaomba, alikuwa mhasibu wetu, mwanamke wa bara aliyenizidi umri kwa miaka kama kumi, mwimbaji wa kwaya kanisani kwake Ukunda. Kompyuta pekee yenye mtandao ilikuwa ofisini kwake. Nilimpelekea pesa taslimu ndani ya bahasha, nikamweleza habari ya baba.

"Na mzee anacheza game?" aliuliza akicheka. "Hiyo ndiyo kali. Kuja Ijumaa baada ya lunch, wakati simu haina kazi."

Mtandao ulipita kwa laini ya simu, na ukiunganishwa hakuna aliyeweza kupiga wala kupigiwa. Ijumaa tuliketi bega kwa bega. Ukurasa wa wale wauzaji ulifunguka polepole, mstari kwa mstari. Aliandika jina lake, namba za kadi, na anwani ya posta ya hoteli. Mahali pa kupokelea jibu tukaweka imeli ya hoteli, na mahali pa mwenye mchezo nikaandika jina la baba. Akabonyeza. Kompyuta ikakaa kimya. Kisha ule mlio wa laini kukatika ukasikika.

"Imeenda ama haijaenda?" nikauliza.

"Sijui. Tungoje. Usiguse hiyo kitu, mimi naitwa na meneja."

Alitoka. Laini nikairudisha. Ukurasa ulikuwa palepale, umejaa vilevile alivyoujaza, na chini yake kile kitufe cha kununua. Niliketi juu ya mikono yangu kama mtoto wa shule. Nilimwona baba anatazama ukuta. Nikabonyeza. Hapakutokea kitu. Nikahesabu hadi mia moja, nikabonyeza tena. Juu ya kitufe palikuwa na sentensi ndogo iliyosema usibonyeze zaidi ya mara moja, nami niliisoma baadaye, siku ambayo kuisoma hakukunifaa tena.

Aliporudi, imeli ilikuwa imekwisha ingia: agizo lako limepokelewa, linashughulikiwa. Nyuma yake ikaingia ya pili, na ya tatu. Zile mbili nikazifuta kabla hajaketi.

"Umeona?" alisema. "Imeenda. Namba itakuja leo leo."

Haikuja Ijumaa. Jumamosi nilikuwa kazini, nikapitia ofisini mara tano. Meneja alinifungulia mara mbili za kwanza, ya tatu akaniuliza kama nina mgonjwa. Nikamwambia ndiyo. Nyumbani baba alikuwa ameketi mbele ya kompyuta iliyowashwa, akiyatazama yale maandishi ya kufunga kana kwamba yatachoka.

"Shikamoo baba."

"Imekuja?"

"Bado. Wanasema inashughulikiwa."

"Inashughulikiwa na nani? Pesa wamepewa, mchezo uko humu ndani ya kompyuta yangu, wanashughulikia nini?"

Mama, aliyekuwa akikuna nazi uani, akajibu kwa niaba yangu. "Wewe pale Samburu si ulikuwa ukiwaweka watu juani kwa saa nne? Na walipokuuliza ulitoka nje kuwaeleza?"

"Mimi nilikuwa na sababu."

"Nao wana sababu."

"Basi waiseme!" Alipiga meza kwa mkono wa kushoto. Jumapili hakufunga vifungo vyake. Mama alimfunga, na wote wawili hawakutazamana.

Jumatatu nilifika hotelini kabla ya saa kumi na mbili, mlinzi akanifungulia ofisi. Imeli ilikuwepo, ndefu. Niliichapa kwenye karatasi, nikaisoma nimesimama. Walisema wamepokea maagizo matatu yaliyofanana, kutoka kadi moja, ndani ya robo saa, kutoka nchi ambako hawajawahi kuuza kitu. Jina la kadi si jina la mwenye mchezo. Imeli ni ya hoteli, mahali wanapopita watu wengi wenye kadi. Kwa hiyo wamesimamisha yote mpaka mwenye kadi awapelekee barua ya faksi yenye sahihi yake, na benki yake ikubali kwamba ni yeye.

Nilikuwa bado nimeishika karatasi pale mhasibu alipoingia. Hakunisalimu. Aliweka mkoba mezani, akaketi, akauangalia ule mkoba.

"Jumamosi nimeaibika Mombasa," alisema. "Tulienda na wamama wa kwaya kununua vitambaa vya gauni. Wao walikuwa wamenipea pesa, mimi nikalipa na kadi. Kadi ikakataa. Yule mtu wa duka akapigia benki simu, akarudi akaniangalia vile unaangalia mwizi. Akasema ameambiwa kadi imesimamishwa. Wamama wote wamesimama hapo nyuma yangu na vitambaa mkononi."

"Pole, dada," nikasema.

"Na mimi sijui nimefanya nini."

Nilikunja karatasi, nikaitia mfukoni, nikaenda mapokezi. Asubuhi ile nilimpa mgeni ufunguo wa chumba chenye watu. Nilimwandikia mwingine jina la mtu aliyekwisha ondoka. Miguu haikutaka kukaa mahali pamoja. Mwenzangu wa zamu aliniuliza kama nimekanyaga siafu. Nilijaribu kujiambia kwamba benki hukosea, kwamba wauzaji wale ni watu wagumu, kwamba namba itakuja yenyewe. Saa sita nikarudi ofisini, nikaiweka ile karatasi mbele yake, nikamwambia yote: kitufe, mara ya pili, mara ya tatu, zile imeli mbili nilizofuta.

Alisoma mpaka mwisho. Kisha akaanza tena mwanzo.

"Nilikuambia usiguse."

"Uliniambia."

"Na asubuhi nimekaa hapa nakuhadithia, na ulikuwa na hii kwa mfuko."

Nilitaka anipigie kelele. Hakupiga. Alivuta simu, akaanza kuitafuta benki Nairobi, na mimi nikasimama pale kwa sababu hakuniambia niondoke. Laini ilikuwa na watu. Akapiga tena. Ikakatika. Mara ya sita mwanamke mmoja akapokea, na mhasibu akaanza kumsikiliza, akiandika.

Alipoweka simu alinieleza bila kuniangalia, kama anayemsomea mtu ripoti. Ukibonyeza kununua, pesa haziondoki papo hapo. Muuzaji anaiuliza benki yake, benki yake inaiuliza ya kwetu, na ya kwetu inajiuliza: huyu mtu ni yule tunayemjua? Yeye hakuwa amewahi kununua kitu ng'ambo. Halafu siku moja, mara tatu kwa mfululizo, mchezo wa kompyuta. Wezi wa namba za kadi hununua hivyohivyo, vitu vidogo visivyohitaji kusafirishwa, upesi upesi, wajaribu kama kadi ni hai. Benki ilimpigia simu Ijumaa jioni. Simu yake ilikuwa ya nyumbani, naye alikuwa mazoezini kanisani. Hawakumpata, wakafunga. Kisha Jumamosi nusu siku, Jumapili hakuna mtu, na wale wa ng'ambo nao hufungua ofisi wakati sisi tunafunga.

"Kwa hivyo hakuna mtu alikuwa amekataa," alisema. "Kila mtu alikuwa anangoja mwingine aseme ni mimi."

Alichukua karatasi yenye jina la hoteli, akaandika barua ya faksi, akatia sahihi. Nilimwambia ningeelewa kama asingetaka kuendelea.

"Hii sikufanyii wewe," alijibu. "Namfanyia mzee."

Jumanne wauzaji walisema faksi wameipata ila benki bado. Jumatano benki ikaachilia kadi. Wauzaji wakafuta maagizo mawili, wakaanza lile moja upya, na siku hizo zote mimi na mhasibu tuliongea habari za bili za wageni tu. Nilikuwa nimezoea kula naye chakula cha mchana. Nilikula peke yangu, kwa haraka, nikiangalia saa.

Alhamisi asubuhi alikuja mpaka mapokezi, akaniwekea kikaratasi juu ya kaunta. Alikuwa ameinakili namba kwa mkono, herufi na tarakimu kumi na sita. "Angalia sifuri na O," alisema, akaenda zake.

Jioni baba alikataa nimwandikie. Alitafuta kila herufi kwa kidole cha kushoto, nami nikimsomea, huku mama amesimama nyuma ya kiti. Akamaliza, akabonyeza. Kompyuta ikasema namba si sahihi. Baba akanitazama kwa jicho ambalo wale madereva wa Samburu bila shaka waliliona mara nyingi.

"Soma tena. Polepole. Wewe mwanangu una haraka tangu uzaliwe."

Nikasoma tena, na pale niliposema O safari hii nikasema sifuri. Mchezo ukafunguka. Stesheni ya tano ilikuwa na njia nane na daraja katikati, na treni ya mizigo ilikuwa tayari inakuja upande wa kushoto. Baba hakusema asante wala alhamdulillahi. Alisema, "Nipisheni mwanga."

Nilimwendea mhasibu Jumapili iliyofuata, nje ya kanisa lake. Niliwangoja wamama wa kwaya watoke, nikawaambia mbele yake kwamba kadi ilisimamishwa kwa kosa langu. Nilikuwa na buibui langu pale katikati yao, jasho likinitiririka mgongoni. Mmoja aliniuliza mchezo wenyewe ni wa nini, nikaeleza habari za treni na mkono wa baba, na wakaanza kuulizana kiharusi kimewapata nani katika jamaa zao. Mhasibu alinisikiliza mikono imefungwa kifuani. Wiki mbili baadaye alinisogezea sahani ya viazi mezani. Ilichukua muda zaidi kabla hajaniachia tena ofisi yake peke yangu.

Mkono wa kulia wa baba haukurudi kama zamani, lakini wa kushoto uliishika kazi yote. Alikula nao, alipalilia nao mihogo, akajifunza kuandika nao, maandishi makubwa yaliyopanda juu kama yanakwea mlima. Kitu cha kwanza alichoandika kikanifikia kazini ndani ya bahasha. Ilikuwa barua kwa wale wauzaji wa mchezo. Aliwaambia kwamba katika stesheni ya saba taa ya kusimamisha treni imewekwa karibu mno na maungio ya njia, na kwamba mahali pa kweli watu wangekufa. Niliitafsiri, nikaituma kwa imeli, mhasibu amesimama pembeni yangu, nikabonyeza mara moja.

Walijibu baada ya siku nyingi, mistari miwili: tunakushukuru bwana, tutarekebisha.

Nilimsomea uani. Akanitaka nirudie. Nikarudia.

"Hawakusema lini," alisema. "Waandikie tena."