Sauti Juu ya Filamu Isiyo na Jina

Faili lenyewe halina jina, ni tarakimu tupu. Aliyelipakia mtandaoni hana picha wala maelezo, na chini yake watu wa nchi za mbali wanabishana: filamu hii ya wapi, nani kaicheza, mbona haijulikani popote? Wananiudhi. Mimi sina haja na filamu. Nataka sauti ya mwanamume anayeisimulia kwa Kiswahili.

Baba alikuwa msimulizi katika kibanda cha video pale Bwera, mpakani na Kongo. Alishika maikrofoni, akapunguza sauti ya wazungu, akatueleza filamu anavyotaka yeye, maana Kiingereza alikijua kwa kubahatisha. Jambazi alipewa jina la jirani. Mlima wowote wenye theluji ulikuwa Rwenzori, na shujaa lazima aanzie Nyakalengija, kama wapandaji wetu wote. Katikati ya mapigano aliweza kusema, "Mwenye pikipiki, ondoa pale mulangoni!" Alipofariki, picha zake zilibaki, ila sauti haikurekodiwa popote.

Basi nilipokutana na faili hilo, hapa Kasese ninakofanya kazi, nilisogeza simu sikioni. Theluji, mtu anapanda, na msimulizi anapaza sauti: "Muone, anatokea Nyakalengija!" Nilirudia pale pale hadi simu ikazima. Mtafuta cha mvunguni sharti ainame, nami niliinama. Nilimwandikia mwenye faili, akanyamaza. Nikaogopa litafutwa, nikalipakua kwenye simu, kisha kwenye flashi, na bado sikuweza kula wala kutulia. Dakika hii naapa ndiye, dakika inayofuata ni mtu baki mwenye mafua.

Mama angejua. Ameishi na sauti ile ndoa yake nzima. Nikapanda gari la asubuhi kwenda Bwera, nikamkuta anaanika kahawa uani, nikamwekea simu sikioni hata salamu hazijaisha.

Alisikiliza. Akaomba nirudie. Macho yangu hayakubanduka usoni pake.

"Basimulizi ba huku bote balikuwa banasema vile," alisema taratibu.

"Lakini sauti, Mama. Sikiliza sauti."

Akafumba macho, simu ameishika kwa mikono yote miwili yenye vumbi la kahawa. Kisha akanigeukia, machozi yakimlengalenga.

"Wewe ndiyo iko na masikio mazuri, mutoto yangu," alisema. "Ni yeye?"