Aliuza mibuni ya baba yake amalize deni la nyumba, akakuta deni bado bichi

Jua halijachomoza Tunduma, na baridi ya Juni inauma masikio. Tabita Nzowa anapiga goti kwenye vumbi la mtaa wa Sogea, anafunua mfuniko wa chuma, anaingiza spana yake ndefu na kuanza kuzungusha koki. Chini ya ardhi kitu kinakoroma. Nyumba ya tatu kutoka hapo mwanamke anapiga kelele: "Yametoka!"

Hiyo ndiyo kazi yake, kufungua maji. Maji ya mji huu hayatoshi watu wote kwa pamoja, hivyo hutolewa kwa zamu, mtaa baada ya mtaa, na mwenye spana ndiye mwenye siku. Wengi hapa hawalijui jina lake. Wanamwita Mama Maji. Mchuuzi mmoja Mzambia, anayevuka mpaka kuwauzia maandazi madereva wa malori, humwita "bamayo", yaani mama kwa Kibemba, na kila wiki humwekea andazi la bure.

"Nikichelewa nusu saa natukanwa mimi na ukoo wangu," anasema akijifuta magoti. "Nikiwahi naombewa baraka. Nimezoea yote mawili."

Ana umri wa miaka hamsini, ishirini na miwili kati yake ameitumia kwenye mabomba. Ni mjane mwenye watoto wawili shuleni, Angel na Danieli, na mama mzee anayeishi naye. Ana mshahara wa uhakika, jambo ambalo majirani wengi hawana. Na ana nyumba. Vyumba vitatu, bati la bluu, sakafu ya saruji, kule Chapwa.

Alichopoteza ni mahali pa kumzikia mama yake.

Anayasema hayo baadaye, tukiwa nyumbani kwake, bila kupunguza sauti, ingawa mama yake, Bibi Nesta, ameketi hatua chache tu kwenye mkeka nyuma ya nyumba, akichambua maharage. Katika nyumba hii jambo hilo si siri. Liliwahi kuwa siri kwa siku moja, na siku hiyo ilitosha.

Ili kuielewa habari ya Tabita, inabidi kwanza kuelewa debe.

Tabita alizaliwa Ihanda, wilayani Mbozi, kwenye ekari moja na nusu ya kahawa na mahindi. Mibuni ile baba yake, mzee Yohana, aliianzisha kwa miche aliyoibeba kichwani kutoka Mbozi Mission, akiwa kijana ambaye hata mke hajapata. Wakati wa njaa, kabla mahindi mapya hayajakomaa, jirani aliyeishiwa alikwenda kwa mwenye ghala akapimiwa debe. Mavuno yakifika alirudisha debe na nusu. Ile nusu ndiyo ilikuwa shukrani, na ilitajwa mara moja tu.

"Mvua ikikunyima mwaka huo, unakwenda kwa mwenzako unamwambia, ndugu, nimeshindwa," anaeleza Bibi Nesta. "Anakusubiri mwaka mwingine. Unarudisha debe na nusu ileile. Haizai. Debe si kuku."

Tabita alikua akiona hivyo. Alipima mahindi ya watu kwa mikono yake mwenyewe, akisawazisha juu ya debe kwa kijiti. Kwa hiyo mwaka 2019, alipoingia benki kuomba mkopo wa nyumba wa shilingi milioni ishirini na kuambiwa riba ni asilimia kumi na saba, alipiga hesabu kichwani kabla ofisa hajamaliza sentensi. Asilimia kumi na saba ya milioni ishirini ni milioni tatu na laki nne. Jumla milioni ishirini na tatu na laki nne. Akaona hata ni nafuu kuliko debe na nusu.

"Niliuliza swali moja tu," anasema. "Kwa mwezi mnakata ngapi?"

Akajibiwa: laki tatu na elfu nane hivi, kwa miaka kumi na mitano. Mshahara wake, baada ya makato mengine yote, ulikuwa laki sita na elfu ishirini. Nusu kwa nusu. Alikuwa amepanga kwa miaka kumi na saba, akihamishwa na wenye nyumba kila walipopata mpangaji mwenye hela ya biashara ya Kongo. Akasaini.

Mwenye kumcheka na acheke, lakini kwanza ajiulize yeye alisaini nini na alisoma ukurasa wa ngapi. Wengi wetu tunakopa kama Tabita. Tunaangalia makato ya mwezi, tunaona tutayamudu, tunasahau kuzidisha.

Miaka mitano ilipita. Bibi Nesta alianza kuugua miguu, na Ihanda alibaki peke yake na kuku. Mzee Yohana alikuwa ameshalala shambani pale, chini ya mibuni ya mstari wa mwisho, kama alivyoomba. Ubavuni mwake ilikuwa imeachwa nafasi bila kupandwa kitu. Kila palizi Bibi Nesta aliisafisha kwa jembe lake, akiongea na mumewe. Ile ilikuwa nafasi yake.

Tabita alimchukua mama akamleta Chapwa. Akapiga tena hesabu zake. Alikuwa ameshalipa karibu milioni kumi na nane na nusu. Kwa mujibu wa debe, alibakiza milioni tano kasoro kidogo.

Siku zile ada za watoto zilikuwa zimepanda, na kila mwezi laki tatu zilitoka kabla hajazishika. Wazo likaja taratibu, kisha likakaa. Shamba la Ihanda halina wa kulilima. Kama likiuzwa kwa milioni tano, deni linaisha leo, na mshahara mzima unarudi nyumbani. Akiwa na mshahara mzima, ndani ya mwaka mmoja au miwili atanunua shamba jingine Ihanda, kubwa zaidi. Na kaburi? Atamwomba mnunuzi aache eneo la kaburi. Watu wa Ihanda ni waungwana.

"Mama alikataa mara mbili," anasema Tabita. "Mara ya tatu nikamwambia, mama, deni linaisha. Nikamwapia. Akaweka dole gumba kwa sababu yangu."

Mnunuzi alikuwa Sadoki, mkulima wa jirani anayelima mahindi kwa trekta. Alilipa milioni tano taslimu mbele ya mashahidi wa kijiji. Bei ya shida, kila mtu alijua, lakini mwenye shida hachagui.

Kesho yake asubuhi Tabita alivaa kitenge chake cha kanisani akaenda benki na fedha zake kwenye mkoba. Anakumbuka kwamba alikuwa amenunua soda mbili za kumpelekea mama washerehekee. Ofisa aliyemhudumia, binti mpole aitwaye Frida, aliangalia kwenye kompyuta, akaangalia tena.

"Mama, deni lako ni milioni kumi na saba na laki saba."

Tabita akamwambia amekosea jina. Frida akamsomea jina, akamsomea na namba ya simu.

"Nikamwambia, mwanangu, nilikopa ishirini. Nimelipa kumi na nane na nusu. Hata bila hiyo riba yenu, ningebakiza moja na nusu. Hizo kumi na saba zimezaliwa wapi?"

Frida alimvutia kiti. Alimweleza kwamba asilimia kumi na saba ni ya kila mwaka, juu ya deni lililobaki, wala si ya mkopo mzima mara moja. Alichukua karatasi akamwonyesha mwezi wa kwanza kabisa: kati ya zile laki tatu na elfu nane, riba ilimeza laki mbili na elfu themanini na tatu. Deni lenyewe liliguswa na elfu ishirini na nne na ushee. Mwezi wa pili vivyo hivyo, zaidi kidogo tu. Kwa mwendo ule, hadi mwisho wa miaka kumi na mitano, nyumba ya milioni ishirini ingekuwa imelipiwa milioni hamsini na tano na laki nne.

Hakuna aliyemdanganya. Yote yalikuwa kwenye mkataba, na sahihi yake ilikuwa chini.

Soda aliziacha kwenye kiti cha benki. Hakukumbuka kuzichukua.

Akatoka pale na fedha zote mkobani, akapanda gari la Vwawa, na kutoka barabarani akachukua bodaboda hadi Ihanda. Kichwani alikuwa na jambo moja: kumrudishia Sadoki hela yake. Siku moja tu imepita. Siku moja haiwezi kuharibu kitu.

Alisikia msumeno kabla hajashuka kwenye pikipiki.

Sadoki hakuwa mtu wa kupoteza muda. Kahawa haikumfaa, alitaka mahindi, na trekta halipiti katikati ya mibuni. Tangu alfajiri vijana wake walikuwa wamekwisha kata mistari yote isipokuwa mmoja, ule wa kaburini. Matunda mabichi yalikuwa yametapakaa ardhini, na Tabita alilazimika kuyakanyaga ili apite.

"Alishtuka kuniona nalia," anasema. "Akasema, dada, si ungesema jana?"

Sadoki, alipoulizwa na gazeti hili, hakukana. Alisema kwa utaratibu kwamba alinunua kihalali, akaahidi kulinda kaburi la mzee na akalilinda. "Lakini kuzika mtu mwingine pale, hilo hatukuandikiana," alisema. "Na mimi nina watoto. Shamba likigeuka makaburi nani atalilima?" Ni vigumu kumchukia. Hayo ndiyo mabaya ya habari hii, kwamba unamtafuta mwenye kosa na humpati.

Jioni ile Tabita alimwambia mama yake deni limeisha. Ndiyo ile siri ya siku moja. Bibi Nesta alishukuru Mungu, akaimba wimbo wa kanisani, akaomba wali. Tabita alipika wali akiwa amekaa dakika nyingi jikoni kuliko wali unavyohitaji. Asubuhi hakuweza kuficha tena. Alirudi kutoka kwenye koki zake, akaketi mkekani, akasema yote, pamoja na mibuni.

Bibi Nesta alisikiliza mpaka maharage yakaungua jikoni. Kisha akauliza swali ambalo Tabita anasema lilimfundisha kuliko karatasi ya Frida.

"Kwetu deni linaongezeka siku ya mavuno, tena mara moja. Hao wenzako wanavuna lini?"

"Kila mwezi, mama."

"Kila mwezi?"

"Kila mwezi."

Bibi Nesta akatikisa kichwa. "Basi ulikopa kwa watu wasio na kiangazi," akasema, akaomba kusaidiwa kusimama.

Tabita alirudi benki wiki ile na fedha za shamba. Hapo Frida alimsaidia kwa jambo ambalo, anasema, kila mkopaji angetakiwa aambiwe siku ya kwanza: alimshauri aandike barua kwamba fedha zile zipunguze deni la msingi, zisihesabiwe kuwa ni makato ya miezi ijayo. Akaandika. Makato yakabaki yaleyale, lakini muda ukafupika kutoka miaka kumi hadi mitano na miezi mitatu.

"Kahawa ya baba imeninunulia karibu miaka mitano," anasema Tabita. Anajaribu kulisema kwa furaha. "Si haba. Wengine wanauza shamba wanakunywa pombe."

Kisha analia, na spana inabaki imelala miguuni pake.

Siku hizi, akizungusha koki, kina mama wakimzunguka na ndoo zao, Tabita ana mahubiri mafupi. Mwezi uliopita dada mmoja wa duka la dawa alimwambia anachukua mkopo wa nyumba, makato madogo tu. Mama Maji alisimama akamwambia: "Usiulize kwa mwezi ngapi. Uliza mpaka mwisho ngapi. Na uulize ukipata hela ya ghafla, inapunguza nini." Watu wakacheka, wakidhani ni utani wa asubuhi. Dada yule hakucheka.

Mwezi wa tatu mwaka huu Sadoki alimpigia simu. Ule mstari wa mwisho wa mibuni bado upo, alisema, hajaugusa, hajui kwa nini mkono unamkatalia. Atauza kipande kile cha ubavuni mwa kaburi kwa shilingi milioni moja na nusu, pamoja na mibuni yake. Atamwekea mpaka deni la benki liishe, na miezi michache juu yake. Zaidi ya hapo hataahidi.

Hiyo ndiyo mipango yote ya Tabita. Hataki gari, wala kuongeza vyumba. Amejaribu kuweka akiba tangu sasa, lakini kila elfu hamsini anayoitenga, ada au dawa za miguu ya mama huifuata ilipo. Itabidi asubiri mshahara urudi mzima. Bibi Nesta ana umri wa miaka themanini na mmoja.

Simu ya Tabita inalia tukiwa bado tumeketi. Ni ujumbe wa benki, mshahara umeingia na makato yametoka. Mama yake, ambaye hajui kusoma lakini anaujua mlio huo, anainua uso kutoka kwenye ungo.

"Wamevuna?"

"Wamevuna, mama."

"Wamebakiza mavuno mangapi?"

"Hamsini na moja."

Bibi Nesta anarudi kwenye maharage yake. Anatoa jiwe moja, anatoa la pili, anayatupa pembeni.

"Haya," anasema. "Nitajikaza."